Tupatane Tukiwa Bado Njiani

Hapa Kolwezi tunakumbuka mwaka 2018. Mwezi wa 4, Gécamines, yenye sehemu 25 kwa mia katika KCC, iliingia tribinali kuomba KCC ivunjwe, sababu madeni yalikuwa yamekula mtaji wake. Wangapi katikati yetu walikula kwa kazi ile! Mwezi wa 6 wakapatana: madeni ya dola miliari 5,6 yageuzwe kuwa hisa. Gécamines ikaondoa mashitaka.

Wale ni wenye biashara, na waliachilia kesi njia ilipopatikana. Sisi tuliooshwa kwa damu, je? Tunashitakiana kwa deni la likelemba. Ndugu anakuja na nusu ya feza na mpango wa kulipa iliyobaki, sisi tunataka afungwe.

Katika Mathayo 5, Yesu anatuagiza kupatana upesi na mshitaki. Basi, tulio na deni tusijifiche. Tuje na tulicho nacho. Tunaodai, mpango ukiwa wa kweli, tuondoe karatasi tribinali. Tuandike mapatano mbele ya mashahidi, tuyatimize. Amina.