Mashine ni ya Nani? Kisa cha Dendy

(Maneno haya yalisemwa Jego mbele ya kikundi cha vijana na kikundi cha akina mama cha kuweka na kukopa. Tumeyaandika karibu kama yalivyotoka mdomoni.)



Nimeitwa hapa kwa sababu ya pesa, basi tusizungukezunguke. Kikundi cha akina mama kina shilingi laki moja na themanini elfu kwenye kasha lao. Ni pesa za korosho, za maandazi, za makuti, za samaki. Vijana wameomba wakopeshwe zote. Wanataka kununua mashine sita za michezo ya video, PlayStation zilizotumika, kila moja na televisheni yake kwa elfu thelathini, kutoka kwa mwenye duka mmoja huko Mombasa. Watazitawanya Vanga, Lunga Lunga, Majoreni na hapa kwetu, kila mashine ikae katika kibanda cha mtu, na mapato wagawane naye. Mwenye duka amewaahidi kwamba upande huu wote wa mpakani hatampa mtu mwingine. Mama mweka hazina akaniuliza, "Mwanangu, tuwape au tusiwape?"

Siku ile sikumjibu. Sisi wafanyakazi wa maendeleo tuna tabia moja mbaya: kijana akija na wazo la kuku twampigia makofi, akija na wazo la mashine ya mchezo twamwona mhuni. Mchezo ni biashara, na wako waliopata mali kwayo. Basi nikatafuta kisa cha watu waliofanya jambo hili hili, wakapanda juu sana, kisha wakaanguka, ili tutazame waliteleza wapi. Nimekipata mbali kidogo, Urusi. Nivumilieni.

Lakini kwanza niwaulize walio na umri wangu. Mnaikumbuka ile tuliyokuwa tukiiita TV game? Kikasha cha plastiki, vishikio viwili vyenye waya, na kaseti ya manjano iliyoandikwa kuwa ndani mna michezo 9999. Ukiiwasha unakuta ni michezo ile ile michache inajirudia, imebadilishwa majina tu. Naona mnacheka, kumbe mlinunua! Nyumba moja ikiwa nayo, watoto wa mtaa mzima walijaa sebuleni. Basi asili ya kikasha kile ni mashine ya kampuni ya Nintendo ya Japani, iliyotoka mwaka 1983 kwa jina la Famicom. Viwanda vya Taiwan, na baadaye vya China, viliiiga, na nakala zake zikaenea dunia nzima kwa majina kila aina.

Haya, twende Urusi. Muungano wa Kisovieti ulivunjika mwishoni mwa 1991. Televisheni majumbani zilikuwepo, watoto walikuwepo mamilioni, lakini Nintendo haikuwa imeipeleka mashine yake kule kwa njia rasmi. Mtu mmoja, jina lake Viktor Savyuk, akaliona pengo hilo. Alilipeleka wazo kwa kampuni ya kompyuta aliyokuwa akiifanyia kazi, wakubwa hawakulitaka. Akalipeleka kwa kampuni nyingine ya Moscow iitwayo Steepler, wao wakalipokea. Wakaagiza zile nakala kutoka Taiwan, wakazibandika jina la Dendy, na tarehe 17 Desemba 1992 wakaanza kuziuza.

Tazameni vizuri hapo. Mashine hiyo ilikuwa na umri wa miaka tisa. Huko Japani na Marekani watu walikuwa wameshahamia nyingine mpya. Ni kama mtumba: kwa aliyeivua ni nguo kuukuu, kwa aliyeinunua Kongowea ni nguo ya Idi. Hawakuvumbua chochote hawa. Walichofanya ni kukitoa kitu mahali kilipochokwa na kukipeleka mahali kilipotamaniwa, na hiyo, vijana, ni akili. Siwadharau hata kidogo.

Na kazi yao waliifanya vizuri kweli. Walimwajiri mchora katuni hodari, Ivan Maximov, akawachorea ndovu mdogo awe alama yao. Wakatangaza kwenye televisheni wakati ambapo matangazo yenyewe yalikuwa kitu kigeni kule. Wakafungua maduka, wakatafuta wasambazaji katika mikoa, wakatoa jarida la michezo. Baadhi ya mashine zikawa zinaunganishwa huko huko Urusi, katika kiwanda cha mji wa Dubna. Mwaka 1994 ikaanza hata programu yao ya televisheni kwa watoto, mtangazaji wake akiwa Sergei Suponev aliyekuwa akipendwa sana. Mashine zilizouzwa zinahesabiwa kuwa zaidi ya milioni moja. Na mwaka huo huo wa 1994 likatokea jambo ambalo mimi lilinishangaza: Nintendo wenyewe, wenye mali, walikaa na Steepler wakapatana. Steepler wakakubali kusambaza mashine halali za Nintendo nchini mwao, na Nintendo wakakubali kutoidai Dendy. Mtu aliyeanza kwa kuuza nakala sasa anapewa kiti na mwenye nakala ya asili! Ningekuwa mimi ndiye mwenye kampuni, siku hiyo ningechinja mbuzi.

Miaka miwili tu baadaye, 1996, Steepler ikafungwa.

Kampuni kubwa haianguki kwa sababu moja, na Steepler ilikuwa na biashara nyingine za kompyuta mbali na michezo. Lakini upande wa mchezo shida yake inaonekana wazi, na ndiyo iliyonileta hapa. Hebu niambieni, dawa ya meno mnaiitaje dukani? Mnasema, "Nipe kolgeti." Na mwenye duka anakupa yoyote aliyonayo, nawe unashukuru. Ndivyo ilivyokuwa kwa Dendy. Jina lilipendwa mpaka likawa jina la kila kikasha cha aina ile. Na kikasha chenyewe hakikuwa cha Steepler. Vile viwanda havikuwa vyao. Mfanyabiashara mdogo yeyote mwenye nauli na begi angeweza kwenda kuagiza kitu kile kile, au kibaya zaidi lakini chenye sura ile ile, akakiuza sokoni kwa bei ya chini. Huyo hakulipia matangazo, hakulipia ndovu wala programu ya televisheni. Steepler walikuwa wakilipa ili mtoto aitamani Dendy, halafu baba wa mtoto anaenda sokoni kununua ya mwingine. Unapalilia shamba, jirani anavuna.

Wangemshtaki nani? Wangesimama mbele ya hakimu waseme, "Mheshimiwa, wamenakili nakala yetu"? Na mashine zenyewe zilikuwa zikizeeka. Zikaja za Sega zenye picha nzuri zaidi, na kuanzia 1994 huko Japani ikatoka PlayStation, hiyo hiyo mnayoitaka nyinyi leo, ingawa ya kwanza kabisa.

Wazee waliokuwapo kiwanda cha sukari cha Ramisi kilipofungwa mwaka 1988 hawahitaji kufundishwa na mimi jinsi jina kubwa linavyoweza kuzimika. Lakini mimi mfano wangu ni mdogo zaidi. Miaka ya nyuma, katika kijiji kimoja nilikofanya kazi, sitakitaja, tulisaidia kikundi cha wanawake kununua mashine ya kusaga mahindi. Ilikuwa ya pekee kwa mwendo wa saa mbili kwa miguu. Mwaka wa kwanza foleni ilianza alfajiri. Mimi mwenyewe niliandika ripoti nzuri juu ya mradi ule, na picha nikapiga. Mwaka wa pili zikaja mashine nyingine tatu, za watu binafsi, mmoja wao mume wa mwanachama. Bei ya kusaga debe ikashuka mpaka haikutosha kununua dizeli, na mkopo ulikuwa bado nusu. Wale kina mama waliuza mbuzi kuulipa. Ile ripoti ninayo hadi leo. Ndani yake niliandika neno "pekee" mara nne.

Sasa namsikia mmoja huko nyuma anasema, "Lakini hapa kwetu hakuna wa kushindana nasi." Ni kweli, leo hakuna. Ndiyo maana nauliza: siku ya pili itakuwaje? Yule mwenye duka wa Mombasa amewaahidi kwa mdomo kwamba hatamuuzia mwingine. Tuseme ni mwaminifu. Je, duka la jirani yake nalo limeahidi? Mtu wa Lunga Lunga akiona kibanda chenu kimejaa, atapanda matatu asubuhi na jioni atarudi na mashine yake mwenyewe. Tena yule mtakayemwekea mashine kibandani mwake, mkigawana naye nusu kwa nusu, baada ya miezi mitano atakuwa na pesa ya kununua yake. Hatakuwa amewaibia. Hesabu tu anaijua.

Na zile CD mlizosema zitanunuliwa kwa bei ya chini, nimeziona. Ni za kunakili. Kenya tuna Sheria ya Hakimiliki ya mwaka 2001, na siku mkikaguliwa, yule aliyewauzia hatakuwapo.

Tena kuna kisa cha pili, kifupi. Wakati ule ule, Polandi, kampuni iitwayo Bobmark ilikuwa ikiuza kikasha cha ukoo ule ule kwa jina la Pegasus. Nao walipata sana. Mwaka 1994 nchi yao ikatunga sheria mpya ya hakimiliki. Wenye Bobmark hawakung'ang'ania mpaka mwisho. Faida yao waliiingiza katika biashara ya soda, wakaanzisha Hoop, na Hoop ikaja kuwa jina kubwa kule. Walijua kwamba mchezo ni mtumbwi wa kuvukia, wakashuka walipofika ng'ambo.

Kwa hiyo jibu langu, mama mweka hazina. Laki na themanini zote, hapana. Mimi ningewapa elfu sitini, mashine mbili, zote zikae hapa Jego zinapoonekana, irudishwe kwa miezi sita, wala isiwe mwaka. Mtaji urudi kabla jirani hajaamka. Na pale kwenye kibanda muweke kitu ambacho ni chenu kweli. Kuna kijana hapa, mnamjua, anatengeneza redio na simu za watu chini ya mwembe. Vishikio vya mashine hizi huharibika kila mara, na wa Vanga mpaka Shimoni watatafuta fundi, hata wale watakaonunua mashine zao wenyewe. Huyo jirani hawezi kumnunua Mombasa. Na akina mama wanataka sharti moja, mtoto mwenye sare ya shule asiingie kabla ya saa kumi. Msilione kama adhabu. Mzazi akikiamini kibanda, atamtuma mtoto huko na shilingi zake.

Vijana, mkitaka kubishana nami, bishaneni kwa karatasi. Alhamisi ijayo wawili waende Lunga Lunga na wawili waende Msambweni. Hesabuni vibanda vya michezo vilivyoko, kila kimoja kina mashine ngapi, mechi moja ni shilingi ngapi, na ilikuwa ngapi mwaka jana. Ulizeni pia stima inakula kiasi gani kwa mwezi. Nauli yenu nitaiombea kwa wenye ofisi. Jumapili alasiri tukutane hapa hapa, na mama mweka hazina aje na daftari lake, ila lile kasha aliache nyumbani.