Kamera Iliyokaa na Nyanya
Mazungumzo ya afisa wa mawasiliano wa kaunti kabla ya wakaazi kutazama filamu ya The Letter

Nitasema machache, maana projekta ishawashwa na watoto washaanza kuulizana filamu inaanza lini.

Filamu ya leo inaitwa The Letter, yaani Barua. Waelekezi wake ni Maia Lekow, mwanamuziki Mkenya, na mumewe Christopher King. Ilionyeshwa kwanza mwaka wa 2019 katika tamasha la IDFA mjini Amsterdam, kisha Kenya ikaiteua kuiwakilisha kwenye tuzo za Oscar. Lakini hadithi ni ya hapa hapa Kilifi. Kijana anayeishi mjini anapata habari kwamba nyanya yake, mwenye zaidi ya miaka 90, ameitwa mchawi kwenye Facebook. Anarudi kijijini kutafuta ni nani kasema, na kwa nini.

Mimi nilisomea uandishi wa habari. Habari za namna hii hutufikia mzee akishauawa: idadi, kauli ya polisi, dakika mbili, halafu michezo. Waelekezi hawa hawakungoja maiti. Walikaa na familia moja kwa miaka kadhaa, kamera ikitazama. Mtamwona nyanya akishika jembe, jamaa wakikaa kikao, watu wakiomba. Kuna mahali mtu ananyamaza, na kamera inamngoja. Wengine mtasema inakwenda polepole. Kweli, si sinema ya mapigano. Ila kwa huo upolepole ndipo tunaona kile ambacho taarifa ya habari haina nafasi nacho: anayetuhumu na anayetuhumiwa ni damu moja, wanajuana tangu utotoni, na bado neno limetamkwa.

Tena sikilizeni kila shamba linapotajwa. Mimi naona hapo ndipo penye kiini. Mvi na macho mekundu ya moshi wa kuni havikuanza leo. Kilichopanda ni bei ya ardhi.

Kuhusu sheria, kwa sababu mtaniuliza: Sheria ya Uchawi, Sura ya 67, inaadhibu pia anayemtuhumu mwenzake kuwa mchawi, si anayejidai mganga peke yake. Na Kifungu cha 57 cha Katiba kinampa mzee haki ya kuishi kwa heshima bila kudhulumiwa. Kwa hivyo ujumbe wa simu unaosema "fulani anaroga" si mzaha wa kikundi cha familia. Ukiupata, usiusambaze. Mpelekee chifu au kituo cha polisi mapema, mzee akiwa bado hai na bado yuko kwake.

Filamu ikiisha taa zitawashwa na tutazungumza. Maikrofoni itaanza kwa wazee walioketi mbele. Vijana, nanyi mtapata zamu yenu, lakini kwanza tuwasikilize. Haya, zimeni taa.