Sauti Yako na Mashine Inayojibu

Hapa Malawi kuna Ulangizi, programu ya shirika la Opportunity International. Mkulima, hata asiyejua kusoma, anaweza kuiuliza kwa sauti, kwa Kichewa, kupitia WhatsApp, au kuipelekea picha ya jani lililoharibiwa na wadudu, naye akajibiwa. Asiye na simu janja husaidiwa na wakala wa kijijini.

Inavyofanya kazi: sauti hugeuzwa maandishi, programu hutafuta jibu, jibu hurudi kuwa sauti. Kigumu ni kule mwanzo, kugeuza sauti kuwa maandishi. Chukua Kiswahili: mashine iliyofunzwa kwa sauti za Dar es Salaam na Nairobi huweza kukwama ikisikia Kiswahili cha Uvira au Bukavu, kule Kongo, nacho ndicho wengi wetu katika kambi ya wakimbizi ya Dzaleka tulichokuja nacho. Dawa ni kurekodi wasemaji wenyewe, kwa ridhaa yao. Na mtandao ukikatika? Basi, kimya.

Ndugu yangu, ukishauriwa na mashine dawa ya mazao, muulize kwanza bwana shamba. Dawa ya mtoto, nenda zahanati. Na namba ya kitambulisho chako cha ukimbizi, mashine ikiiomba, usiipe.