Karatasi ya muguu wenye kuvunjika: S82 inasema nini

(Maneno yaliyosemwa mu mukutano wa wanachama, Lubumbashi)



Komiti ilituomba tuseme kidogo juu ya makaratasi ya hospitali, zaidi sana ya miguu yenye kuvunjika. Sababu munaijua: pikipiki. Na wengi wetu tulirudi na makaratasi ya Zambia ao ya Afrika ya Kusini, yote ya Kingereza, na hapa munganga anaandika Kifaransa. Basi mutu anaona karatasi ya Ndola haina faida tena, anafungia nayo sukari. Musifanye vile.

Ile karatasi muiangalie muzuri. Mara nyingi, pembeni ya maneno, kuko herufi moja na namba: S82.2, ao S82.60. Ile njo kode (si kodi ya Leta, musiogope). Inatoka mu orodha ya magonjwa ya OMS, yenye tunaita huku CIM-10. Orodha yenyewe ni ya zamani: mu 1893 Mufaransa Jacques Bertillon alitoa ya kwanza, ya kuhesabu sababu za vifo. Ukivuka Kasumbalesa, falanga inabadilika, luga ya ofisi inabadilika, lakini S82 ya Kitwe iko paka S82 ya Lubumbashi. Kule Afrika ya Kusini, tangu 2005, asuransi za ugonjwa hazilipi kama kode haiko kwa karatasi. Kwa hiyo wenye kutoka kule, tafuteni, iko.

S82 maana yake mufupa wa chini ya goti umevunjika, pamoja na kifundo cha muguu. Namba yenye kufuata nukta inasema fasi gani. 0 ni pia ya goti. 1 ni tibia, juu, karibu na goti. 2 ni katikati. 3 ni chini. 4 ni perone, ule mufupa mwembamba, peke yake, na hapa batu banapotea: kama tibia imevunjika katikati pamoja na perone, haiandikwi 4, inabakia 2. Kifundo cha ndani ni 5, cha inje ni 6, na vyote viwili vikivunjika pamoja inakuwa 8. 7 ni kuvunjika mara mingi. Na 9 maana yake hakuna mutu aliyeandika ni fasi gani. Ile 9 hatuipendi hata kidogo.

Kiisha kuko namba ya mwisho, ndogo, lakini njo inaleta shida kubwa. 0 ni mufupa uliovunjika ndani, ngozi haikupasuka. 1 ni mufupa wenye kidonda wazi. Sheria ya orodha inasema: kama munganga hakuandika kama ni wazi ao imefungwa, mwenye kuweka kode anahesabu kama imefungwa. Hana kosa, anafuata sheria. Lakini kidonda kimepotea kwa karatasi.

Kijana mumoja wa chama chetu aligongwa, mufupa ukatoka inje. Fishi yake ya kutoka hospitali iliandika maneno mawili tu, muguu umevunjika, na S82.9. Wakati wa kuomba mwenye gari alipe operesheni ya pili, walimujibu: hii ni ya kuweka plati tu, operesheni ya nini? Miezi ikapita, kidonda kinatoa usaha, mama yake anauza vitu vya nyumba. Iliomba kurudi kwa munganga aliyemupasua, na radio mu mukono, aandike sertifika upya: tibia katikati, kidonda wazi, muguu wa kushoto.

Tumesema kushoto kwa sababu CIM-10 ya OMS haionyeshi upande. Ile ya Wamarekani inaonyesha, njo maana karatasi ya kule iko na kode ndefu sawa S82.201A: tibia ya kuume, mara ya kwanza ya kutunzwa, imefungwa. Hapa kwetu upande unaandikwa kwa maneno. Ombeni uandikwe.

Ombeni pia sababu iandikwe. Mwenye kuwa juu ya pikipiki, dereva ao abiria, iko kati ya V20 na V29. Mwenye kutembea kwa miguu akagongwa, kati ya V01 na V09. Kwa mwenye kuumia ku kazi, hapa njo mazungumzo na CNSS yanaanza.

Na muguu wa zamani? Mufupa wenye kukataa kushikana ni M84.1, wenye kushikana vibaya, muguu umepinda, ni M84.0. Kilema chenye kubakia ni T93.2. Wakiandika S82 miaka mitatu nyuma ya ajali, mwenye kulipa atauliza: umevunjika tena lini?

Jambo moja tunasema bila kuficha. Kuko wenye kuenda kuomba mwenye fishi aongeze namba ili falanga ipande. Komiti haitasimama nyuma ya karatasi ya vile, kwa maana radio itaonyesha, na maombi ya wengine yote yatashukiwa.

CIM-11 imekwisha kutoka, inatumika tangu Januari 2022. S82 mule inaitwa NC92. Mukiiona, musiseme ni uongo.

Wenye kuwa na makaratasi ya inje, mulete kopi kwa sekretere, orijinali ibakie nyumbani. Radio zenyewe muleteni bila kukunja.