Mapigo ya Moyo Yaliyosomwa Tunguu



Nimeombwa kuzungumzia mwanaanga mkongwe, nami nimemchagua John Glenn wa Marekani, kwa kuwa safari yake ya kwanza ilipita jirani na kisiwa hiki cha Mafia.

Tarehe 20 Februari 1962, saa 11:47 jioni kwa saa zetu, Glenn alirushwa kutoka Florida ndani ya Friendship 7, chombo cha kukaa mtu mmoja. Nusu saa baadaye alikuwa anga za Zanzibar. Ukirudi kwenye kalenda utakuta ilikuwa Ramadhani ya mwaka 1381 Hijria. Huku Mafia watu walikuwa wakingoja adhana ya Magharibi. Yeye alikwenda kilomita 28,000 kwa saa kulipokea giza la Bahari ya Hindi. Kwa saa zisizotimia tano aliona jua likichwa mara tatu. Angekuwa amefunga, angefuturu lini? Hilo nawaachia mashekhe.

Chombo kinachopita chini kama Friendship 7 husikika kwa dakika chache tu kutoka kituo kimoja. Ndiyo maana Wamarekani walipanga vituo kuizunguka dunia: Visiwa vya Canary, Kano, Zanzibar, meli baharini, kisha Australia. Cha Zanzibar kilikuwa Tunguu, na zamu ile palikuwa na daktari. Wapo wataalamu waliohofia kwamba mwili usio na uzito ungeshindwa hata kumeza chakula. Ili kuupima mwili wake, Glenn akavuta kamba ya mpira kwa sekunde 30. Mapigo yake yakapanda kutoka 80 hadi 124 kwa dakika, na muda si mrefu yakashuka hadi 84. Moyo ulikuwa mzima. Kwangu mimi kipimo hicho kina uzito kuliko shamrashamra zote za New York zilizofuata.

Lakini Tunguu haikupendwa na wote. Mkataba wake waliutia saini Marekani na Uingereza mwaka 1960, Zanzibar ikiwa bado chini ya Waingereza. Wapinzani, hasa ndani ya chama cha Hizbu, walihofu kwamba kituo kingekigeuza kisiwa shabaha vita vikizuka. Sioni kwamba hofu hiyo ilikuwa ya kijinga: roketi ya Atlas iliyombeba Glenn ilibuniwa kubeba bomu la nyuklia. Baada ya Mapinduzi ya Zanzibar, serikali mpya ya Karume ilitaka kituo kiondoke, na Aprili 1964 kikafungwa. Kazi yake ikahamia Madagaska.

Glenn naye aliiacha NASA mwaka huohuo. Aliingia siasa, akawa seneta wa Ohio kuanzia 1974 hadi 1999. Oktoba 1998, akiwa na miaka 77, alirudi angani kwa chombo cha Discovery, safari hii akizunguka dunia mara 134 badala ya tatu. Sababu iliyotolewa ni utafiti wa uzee: usingizi, misuli, mizani ya mwili. Wakosoaji walisema ni zawadi ya kisiasa. Nakubaliana nao nusu, maana mzee mmoja hatoshi kuthibitisha jambo kuhusu wazee wote. Ila ni wachache mno waliopimwa angani wakiwa na miaka 40, wakapimwa tena wakiwa na 77, na vipimo vya mwanzo vya Glenn baadhi vilichukuliwa Tunguu.