Mwenye Nyumba, Mpangaji na Mwenza wa Chumbani
(Hotuba kwa wananchi wa Pemba)



Twataka kusema nanyi juu ya jambo ambalo kila mmoja wetu amelijua kwa jirani yake, kama hakulijua kwake mwenyewe: kutolewa katika nyumba. Wete, Chake Chake na Mkoani, vijana wawili hukodi chumba kimoja kwa kuwa kodi ni nzito kwa mmoja. Mwezi wa kwanza ni ndugu. Mwezi wa nne mmoja hatoi sehemu yake, na mwenziwe amngojea atoke tu ili abadili kitasa. Je, anayo haki hiyo?

Kabla ya kujibu, tukumbuke tulikotoka. Baada ya amri ya Sultani Hamoud bin Mohammed ya 1897 kufuta hadhi ya utumwa katika sheria, wengi walibaki katika mashamba waliyokuwamo. Mwenye shamba alimpa mtu pahala pa kujenga kibanda na kulima mihogo chini ya mikarafuu, naye hakutoa fedha, ila alipalilia. Mti wa kudumu hakuruhusiwa kuupanda, kwani kwetu ardhi yaweza kuwa ya huyu na mti ukawa wa yule, na mwenye mti ana neno.

Mapatano hayo yalikuwa ya mdomo, na yalidumu maadamu palikuwa na maelewano. Baada ya uchaguzi wa Julai 1957, siasa ilipoingia baina ya mwenye shamba na aliyekaa juu yake, watu walifukuzwa, khasa Unguja, wala hawakuwa na karatasi hata moja ya kumwonyesha hakimu. Basi funzo ni hili: mapatano yasiyoandikwa humwegemea mwenye nguvu.

Mambo ya ardhi yamebadilika. Baada ya Mapinduzi ya 1964 Serikali iliyachukua mashamba ikagawa eka tatu tatu, na Sheria ya Umilikaji Ardhi Namba 12 ya 1992 yasema ardhi ni ya umma, iliyo chini ya Rais kwa ajili ya wananchi. Alichonacho mtu ni haki ya kuitumia. Sheria ya 1994 ikaweka Mahakama ya Ardhi. Lakini shauri la chumba lina hesabu yake.

Katika chumba wapo watu watatu: mwenye nyumba, aliyepatana naye, na mwenza. Ikiwa wote wawili walipatana na mwenye nyumba, hapana mmoja awezaye kumtoa mwenziwe; haki zao ni sawa, na shauri laenda kwa mwenye nyumba. Ikiwa mmoja tu ndiye aliyepatana, na mwenza humlipa yeye, basi mwenza yu chini yake kama yeye alivyo chini ya mwenye nyumba. Aweza kuyavunja mapatano, lakini kwa kumpa muda: anayelipa kwa mwezi apewe mwezi. Na asiyelipa kitu ni mgeni. Wazee walisema mgeni siku mbili, ya tatu mpe jembe; hawakusema mtupie mkoba wake njiani.

Mwenye nyumba naye ana haki zake. Tusimsahau mjane ambaye chumba kimoja cha kukodisha ndicho shamba lake. Haki yake ni kupata kodi siku yake, nyumba yake itunzwe, na muda ukiisha arejeshewe. Lakini aliyekwisha kupokea kodi ya miezi sita mbele ameuza miezi sita. Hana ruhusa kumtoa mtu mwezi wa tatu kwa kuwa amekuja mwingine mwenye fedha zaidi.

Kwa hiyo twawanasihi haya. Andikeni mapatano, hata kwa kalamu ya risasi katika daftari la mtoto wa skuli: nani analipa, kiasi gani, mpaka lini. Kila fedha itolewayo iandikiwe risiti, kwani mali bila daftari hupotea bila habari. Ilani ya kuhama iwe ya maandishi, mbele ya shahidi. Khitilafu ikizuka, nendeni kwa sheha, kwani kusuluhisha watu wa shehia yake ni katika kazi zake. Na likishindikana, hakimu yupo. Kubadili kitasa, kukata umeme au kuvitoa vitu vya mtu uani si kudai haki. Ni kujitia katika kosa wewe uliyekuwa na haki.

La mwisho, na ndilo kubwa. Mtu asitolewe nyumbani kwa ajili ya rangi ya kadi yake. Yaliyotokea mashambani baada ya 1957 yalianza na neno moja baina ya watu wawili waliokuwa wakinywa maji ya kisima kimoja. Sisi tunaoishi katika nyumba moja leo tusingoje neno hilo ndipo tutafute karatasi.