Kombati zibaki nyumbani

Makamanda, Jumapili tunaingia wodi ya watoto na mavazi ya Spider-Man na Superman. Kombati na bendera zibaki nyumbani. Wapo wanaosema tunacheza. Ndiyo, tunacheza! Sheria ya Mtoto ya 2009, kifungu cha 8(1), inataja haki ya mtoto kupata matibabu, na humohumo haki ya kucheza.

Ila sisi wa Mtwara tumekua na mapiko. Kinyago kikitokea uwanjani, watoto mbio! Basi ingieni sura wazi, msalimie mama, muulize nesi. Mtoto akikubali, ndipo mvae barakoa. Anayelia mwacheni.

Picha? Hakuna. Mtoto hana kadi ya chama. Habari ya dawa tutaidai Jumatatu, na kombati zetu.